Kibubu cha Wiki 52

Kila Januari, Mbagala hupata wachumi wapya. Ujumbe huzunguka kwenye magrupu ya WhatsApp: wiki ya kwanza weka shilingi 1,000, ya pili 2,000, ya tatu 3,000, hivyo hivyo mpaka wiki ya 52. Baba mmoja wa Rangi Tatu aliusoma akiwa amebanwa mlangoni mwa daladala, na kabla hajashuka alikwishaamini kuwa umaskini umemkosa. Jioni alirudi na kibubu cha mbao kutoka Keko, kisicho na mlango wala huruma.

Mwanzo ulikuwa mteremko. Akiba ilifika 1,000, kisha 3,000, 6,000, 10,000. Mwanawe wa kidato cha tatu, aliyekuwa na zoezi la mifuatano, akaiandika kwa maelfu: 1, 3, 6, 10, 15, 21. Akatoa kila namba kwenye inayoifuata, akapata 2, 3, 4, 5, 6. Akatoa tena: 1, 1, 1, 1. Tofauti za pili zikilingana namna hiyo, kanuni ya mfuatano ina n² ndani yake, nayo huzidishwa kwa nusu ya tofauti hiyo. Hapa basi ni ½n². Akaiondoa kwenye kila namba. Zikabaki ½, 1, 1½, yaani nusu ya n. Jumla ya wiki ya n ikawa n(n+1)/2. Ukiweka 52 unapata 1,378, maana yake Sh 1,378,000.

Baba alisikia milioni tu.

Ile 1 iliyojirudia hakuitazama, kumbe ndiyo iliyokuwa inamwambia kwamba kila wiki dau linapanda kwa 1,000 na halina breki. Wiki nne za mwisho peke yake zinadai 49,000, 50,000, 51,000 na 52,000: Sh 202,000 ndani ya mwezi wa Krismasi, nauli za mikoani na mwenye nyumba anayetaka kodi ya miezi sita kwa mkupuo. Mwaka ulipovuka nusu, kibubu kilianza kupinduliwa usiku na kuchokonolewa kwa kisu cha mkate.

Wenzake wa kuanza mradi wa tofauti bila kuumaliza wapo hata Ulaya. Mwaka 1822 Mwingereza Charles Babbage alionesha kielelezo cha mashine ya kutengeneza majedwali ya hesabu kwa kujumlisha tofauti tu, bila kuzidisha. Serikali ya Uingereza ikamwaga zaidi ya pauni 17,000, ikachoka, na mwaka 1842 ikajitoa mashine ikiwa haijakamilika. Mashine yake ya pili, iliyobaki kwenye michoro, ilikuja kuundwa na Makumbusho ya Sayansi ya London mwaka 1991, mwenyewe akiwa na miaka 120 kaburini.

Kisu kile kile kikaleta aibu nyingine. Shemeji alikuja na watu wake kutoka Kinondoni, jumla wageni wanane, na mezani kulikuwa na mkate wa kumimina mmoja. Baba akapiga hesabu ya haraka: bila kukata ni kipande 1, mkato mmoja 2, miwili 4, basi mitatu itatoa 8. Akakata mara tatu, kila mkato ukipita katikati. Vikatoka sita.

Mwana akaeleza, bila kuulizwa, kwamba kwa kukata kutoka juu kwenda chini hata fundi asingepata nane. Kila mikato miwili ikikatana, lakini mitatu isikutane mahali pamoja, vipande vinakwenda 1, 2, 4, 7, 11. Tofauti ni 1, 2, 3, 4, na tofauti za pili ni zile zile 1, 1, 1. Kanuni yake ni ile ya kibubu ukiongeza moja. Shemeji, aliyekuwa bado hana kipande, alisema somo limeeleweka.

Januari iliyofuata baba akaja na mpango wa kuanza na 52,000 na kushuka. Mkewe akamkumbusha kwamba ada ya shule za serikali ilifutwa hadi kidato cha nne kuanzia 2016, lakini sare, madaftari na viatu havikufutwa, na vyote vinanunuliwa mwezi huo huo. Yeye akagawa 1,378,000 kwa 52: Sh 26,500 kila wiki, mwanzo mpaka mwisho.

"Lakini hapo tofauti ya pili ni sifuri," mume akalalamika, maana sasa naye alikuwa msomi.

"Hiyo sifuri niachie mimi, baba watoto. Wewe leta elfu ishirini na sita na mia tano."