Barua ya Wazi kwa Mheshimiwa Mhusika, Aliyetoka Kidogo

Mkazi wa Tunduma,
Mkoa wa Songwe.

Mheshimiwa Mhusika,
Ofisi ya Mambo Yasiyohusu Ofisi Nyingine.

YAH: TAARIFA YA ZIARA YA WATU SABA KATIKA JUMBA LA SANAA NA BUSTANI ZA TUNDUMA, AMBAZO HAZIPO

Tafadhali husika na kichwa cha habari hapo juu.

Mheshimiwa, nimefika ofisini kwako mara tatu. Mara ya kwanza nilikuja kabla ya chai, nikaambiwa umetoka kidogo. Mara ya pili nilikuja baada ya chai, nikaambiwa hujarudi. Mara ya tatu dada wa mapokezi alinihurumia, akasukuma mlango nijionee mwenyewe: koti lako lilikuwa kwenye kiti, kwa hiyo ulikuwepo. Kwa baridi ya Juni ya huku kwetu, hakuna mtu mwenye akili anayekwenda mbali akaacha koti. Nikakaa nalo hadi saa tisa na nusu. Ni koti zuri, la kijivu, na vumbi la mabegani limetulia vizuri.

Shida yangu ilikuwa ndogo. Zamani kidogo, nikiwa Dar es Salaam, nilitembezwa Makumbusho ya Taifa, Mtaa wa Shaaban Robert, nyumba iliyofunguliwa mwaka 1940. Tulikuwa watu sita na mtembezaji mmoja. Alikuwa na tabia ya kutusimamisha mbele ya kitu na kunyamaza. Anatuacha tuangalie mpaka tuone aibu ya kutoona, ndipo anaanza kusema. Baadaye tukaenda hapo jirani kwenye Bustani ya Mimea, iliyoanzishwa na Wajerumani mwaka 1893, tukakaa kivulini tukibishana kuhusu tulichokiona. Nikarudi Tunduma na swali moja: na sisi, mgeni akitujia, tunampeleka wapi akatazame?

Kwa kuwa koti halikunijibu, niliandaa ziara mwenyewe. Nilikusanya watu saba: dereva wa lori kutoka Lubumbashi aliyekuwa na siku nne kwenye foleni, utingo wake, mama lishe anayewapikia madereva, mzee mstaafu wa reli ya TAZARA, fundi rangi anayeandika maneno kwenye magari, na wanafunzi wawili wa kidato cha pili. Tulichokiona ni hiki.

UKUMBI WA KWANZA: FOLENI

Ukumbi huu unaanzia geti la mpaka wa Zambia. Siku njema unaishia Chapwa, siku mbaya unafika Mpemba. Oktoba 2019 Rais Magufuli na Rais Lungu wa Zambia walituzindulia kituo cha huduma kwa pamoja, ili gari likaguliwe mara moja badala ya mara mbili. Tunashukuru. Ila upande wa sanaa nisingependa foleni iishe yote, maana kuta zetu ni tela na picha zetu ziko nyuma ya tela.

Nilifanya kama yule mtembezaji wa Dar. Niliwasimamisha nyuma ya lori moja lililobeba salfa ya migodini, nikanyamaza. Mwanzoni walinitazama mimi. Kisha mmoja mmoja wakaanza kuligeukia lori. Nyuma yake kulikuwa na tai aliyekunjua mbawa juu ya maneno yenye kivuli cha rangi nyekundu. Fundi rangi akasogea, akapitisha kidole hewani bila kugusa. "Huyu aliishiwa nafasi," akasema. "Tazameni bawa la kushoto. Halikuenea, akaligeuza wingu." Kweli, lilikuwa wingu lenye manyoya. Mama lishe akacheka hadi akashika kiuno. "Miaka yote natazama sahani ya mteja kama imekwisha," akasema. "Gari lake sijawahi kulitazama."

Fundi akatueleza kwamba yeye hulipwa kwa herufi, ndiyo maana hekima za Tunduma ni fupi. Nami nikawaeleza habari za Edward Saidi Tingatinga, mtu wa Tunduru, aliyeanza mwaka 1968 kuchora wanyama kwenye hadibodi kwa rangi za kupakia baiskeli, akafariki 1972, na leo jina lake ni jina la mtindo mzima wa uchoraji. Fundi akalitazama kopo lake la rangi kwa muda, kama mtu aliyeambiwa ana ndugu tajiri.

Dereva wa Lubumbashi alisema neno moja tu kuhusu ukumbi huu: "Batu bote banapitaka hapa. Hakuna mwenye anaangaliaka." Naomba neno hilo liingie kwenye kumbukumbu.

UKUMBI WA PILI: BUSTANI

Niliuliza bustani iko wapi. Utingo, kwa moyo safi, akatupeleka kwenye gadeni: viti vya plastiki, jiko la mishikaki na spika kubwa kuliko mti pekee uliokuwepo. Mama lishe akasema yeye anayo bustani, akatuonyesha matuta mawili ya mchicha. Mzee wa reli ndiye aliyetuokoa. Alitupitisha uchochoroni hadi studio moja ya picha, akamwomba mwenye studio atukunjulie pazia la zamani.

Mheshimiwa, tulikunjuliwa bustani. Ngazi za marumaru zinapanda kuelekea jumba lisilo na mlango. Kuna chemchemi, bata maji wawili wanaotazamana, mawaridi makubwa kama kabichi, na kwa mbali mlima wenye theluji ambao Songwe haujapata kuonekana. Lakini nilipowaambia watazame chini, mwanafunzi mmoja aliona kitu. Usawa wa viatu, pazia lilikuwa limefifia. Nyasi za rangi zilikuwa zimekufa kwa kukanyagwa, pakabaki njia, kama ile inayokatiza uwanja wa shule. Miaka na miaka maharusi, mafundi, madereva na wachuuzi wa kwacha wamesimama pale pale, mkono mmoja kiunoni, wakitazama mbele. Bustani isiyokuwepo ilikuwa imechakaa kwa kutumika.

Mzee akasema yeye na mkewe walipigwa picha mbele ya pazia kama hilo mwaka 1976, mwaka ambao reli ilikabidhiwa. Picha hiyo iko sebuleni hadi leo, na wajukuu wamekuwa wakiuliza hoteli ile ilikuwa ya nani. Siku hizi kila mtu ana simu, pazia halina kazi. Mwenye studio alilikunja polepole, mkunjo juu ya mkunjo wa zamani.

UKUMBI WA TATU: SANAMU

Hapa tulikodi gari aina ya Noah. Tukapita Vwawa, tukaacha lami, tukapita katikati ya kahawa za Mbozi hadi Ndolezi, kwenye mteremko wa mlima Marengi, kilipo kimondo. Wewe unakijua bila shaka, kwa picha: urefu wa mita kama tatu, uzito unaokadiriwa kuwa tani 16, karibu chote chuma, na nikeli kidogo. Vitabu vya wageni vinasema kiligunduliwa 1930. Wanyiha, waliokuwa wakiyeyusha na kufua chuma tangu mababu, hawakujua kwamba kimepotea.

Waliochimba kukizunguka walibakiza nguzo chini yake. Kwa hiyo kimesimama kama sanamu juu ya kiti chake, na bonde lote nyuma yake ni bustani. Wanafunzi walikizunguka mara mbili. "Nani alichonga?" mmoja akauliza. Fundi rangi akainama kutafuta sahihi.

Pale palikuwa na mtu wa kueleza, akaeleza. Alipotaja kwamba ndani ya kimondo mna pia chembe ya shaba, isiyofika hata asilimia moja, dereva wa Lubumbashi alikunja uso. Akaweka kiganja juu ya chuma kile, akauliza shaba hiyo ilipita mpaka gani. Tukakubaliana kwamba ndiyo shehena pekee ya shaba iliyoingia Songwe bila kupanga foleni.

UKUMBI WA NNE: NAFASI TUPU

Ukumbi wa mwisho niliutembeza kwa mdomo tu, tukiwa kwenye Noah tunarudi. Mkoa wetu ulizaliwa mwaka 2016. Mwaka uliofuata wanasayansi wakautangazia ulimwengu dinosaria mkubwa aliyechimbuliwa kwenye miamba ya Galula, wakamwita Shingopana songwensis. Shingo pana, wa Songwe! Ana umri wa kati ya miaka milioni 70 na 100, na jina lake ni la Kiswahili. Mifupa yake ilikutwa imetobolewa na wadudu, kama mafaili ninayoyafahamu. Miamba hiyo hiyo, katika Bonde la Rukwa, imetoa pia Pakasuchus, mamba mwenye meno kama ya mamalia, aliyetangazwa 2010, na Mnyamawamtuka moyowamkia wa 2019, ambaye mfupa wake wa mkia una umbo la moyo.

Wanafunzi wangu, wanaosoma baiolojia ndani ya mkoa huo huo, walidhani natania. Mama lishe akauliza swali la kimama: "Sasa huyo wa moyo mkiani, sisi tutamwona wapi?" Sikuwa na jibu. Nilikumbuka koti.

MAPENDEKEZO

Mheshimiwa, tatizo letu si umaskini wa vitu. Mji huu unakagua kila kitu na hautazami chochote. Tunajua kilo, namba ya tela, lakiri na muhuri. Tai mwenye bawa la wingu amekaa nyuma ya geti siku nne, amepita mbele ya macho ya watu wenye mamlaka ya kufungua hadi begi la nguo za ndani, akavuka hajaonwa. Kwa hiyo napendekeza:

Kwanza, sanaa ya Songwe itambuliwe kama shehena. Ipewe fomu, ipimwe uzito, ilipiwe ushuru, na ikiwezekana izuiwe kwa siku kadhaa. Hapo ndipo itakapopata watu wa kuitazama.

Pili, hatuombi jumba, tunaomba chumba kimoja. Chako kinafaa kabisa. Kimetulia, kina mwanga wa dirishani, hakuna anayegusa kitu, na tayari kina onyesho moja la kudumu. Pazia la studio litaenea ukuta wa nyuma. Shingopana, tukipata japo nakala ya mfupa mmoja, atakaa mezani, maana meza iko wazi.

Tatu, aajiriwe mtembezaji mmoja. Si lazima awe na shahada. Awe mtu anayeweza kusimama mbele ya kitu akanyamaza, na asiwe na mazoea ya kutoka kidogo. Ninaye fundi rangi anayejua kusoma mawingu.

Barua hii nitaitia mfukoni mwa koti lako, mfuko wa kulia. Nafasi ipo. Niliukagua siku ile nikikusubiri: una barua nyingine mbili tu, na ya juu imeanza kubadilika rangi.

Wako katika ujenzi wa Taifa,

Mtembezaji wa Muda, Tunduma.

Nakala:
Dereva wa Lubumbashi – kwa taarifa, atakapopita tena.
Shingopana – popote alipo kabatini, aendelee kusubiri, ana uzoefu.