Posa ya Mti Mzima

Mjomba na wote wa Lushoto,

Huku Meckenheim, karibu na Bonn, mitufaha imechanua bonde zima la kijito cha Swist, na sisi vibarua wa shamba tunakula mkate uliopakwa asali yake ya mwaka jana. Mama aliniuliza Wajerumani wanaposaje. Eti kaambiwa wawili wanakubaliana, basi, wazee wanaletewa taarifa. Mwambieni kadanganywa.

Mmea wenyewe kwanza. Mitufaha karibu yote haioi ndani ya ukoo: chavua ya aina ileile haifai, lazima itoke aina nyingine. Kwa hiyo mizinga inaletwa shambani, nyuki ndio washenga. Usiku wa jalidi maua yanamwagiwa maji mpaka yafunikwe na barafu, kwa sababu maji yakiganda hutoa joto kidogo. Harusi gani nyumbani inalindwa hivyo?

Sasa vijana. Usiku wa kuamkia Mei 1, kijana wa huku Rhineland aliyependa hatumi barua. Anatuma mti. Mti aina ya birki, Mjomba, mrefu kufika paani, umening'inizwa makaratasi ya rangi na moyo wa ubao wenye jina la binti. Mtu mmoja haubebi, hivyo rafiki zake huja na trekta usiku wa manane, wakiamini kabisa kwamba wananong'ona. Wanaufunga kwenye bomba la maji ya mvua nyumbani kwa binti, kisha wanaulinda hadi alfajiri, maana wapinzani huja na msumeno. Mimi nilishika ngazi. Nihesabuni mshenga msaidizi.

Mti unakaa mwezi mzima, majirani wakiusoma. Mei ikiisha kijana anakuja kuuondoa, na kwa desturi mama wa binti humpa keki, baba kreti ya bia, binti busu. Ndiyo, upande wa binti ndio unaotoa. Wewe Mjomba uliyehesabu mbuzi wa mahari ya dada mpaka magharibi, keti kwanza. Na mwaka mrefu, kama 2024, wasichana ndio wanaopeleka miti. Zamu yao tena 2028.

Mzee mwenye shamba akaniuliza kwetu tunapeleka mti gani. Nikamwambia sisi hupeleka mbuzi. Akafikiri sana, akauliza: "Mnamfunga kwenye bomba lipi?"