Benki Inataka Kujua Ninapolala

Mtaani Eastlands hakuna siri ya kuhama. Mwisho wa mwezi pikapu na mikokoteni hujipanga nje ya mageti, vitanda vimeinuliwa miguu juu, na godoro ulilolificha chini ya shuka miaka yote linapita Mumias South Road likikaguliwa na abiria wa matatu za 58. Nilipohama Buruburu kwenda Umoja Innercore, kijana wa gesi wa mtaa mpya alinipa nambari yake ya simu kabla kabati halijashushwa. Mama mboga wa mtaa wa zamani, ambaye tulikuwa na hesabu ndogo ya nyanya na sukuma wiki, alituma ujumbe: "Mwalimu, Umoja si mbali. Nitapitia Jumapili nikitoka kanisani." Sikuwa nimemwambia ninakohamia.

Hata wanaohama usiku kwa sababu ya kodi hawafiki mbali. Kufikia saa mbili asubuhi mtaa mzima unajua walielekea Kayole au Dandora, walibebwa na nani, na kwamba friji ilibaki kwa keateka kama dhamana.

Taasisi moja tu haikuwa na habari, nayo ni ile inayoujua mshahara wangu hadi senti ya mwisho. Ujumbe wake ulikuwa wa adabu na wa kutisha kwa pamoja: mteja mpendwa, fika tawini usasishe anwani yako ya makazi, la sivyo huduma za akaunti yako zitasitishwa. Akaunti hiyo ilikuwa na shilingi mia saba na ushee. Nikaenda kuzitetea.

Kaunta ilikuwa na dada mpole, wa aina inayokufanya uone aibu kukasirika. Akanieleza kwamba si wao, ni sheria. Kenya ina sheria ya mwaka 2009 ya kupambana na fedha haramu, na inazitaka benki zimjue mteja. Halafu Februari 2024 shirika la kimataifa la kufuatilia fedha chafu, FATF, lenye makao yake Paris, likaiweka Kenya katika ile orodha inayoitwa ya kijivu. Nikaelewa. Kule Ufaransa kuna watu wasiopata usingizi mpaka wajue mwalimu mwenye shilingi mia saba analala wapi.

"Unaishi wapi, mwalimu?"

"Umoja."

"Umoja wapi?"

"Innercore, dada."

"Barabara gani?"

Barabara yetu haina jina. Ina shimo, na shimo hilo linajulikana kuliko mheshimiwa diwani, lakini fomu haikuwa na nafasi ya shimo. Umoja ilipoanza kujengwa miaka ya 1970, kwa mkopo uliodhaminiwa na Marekani, ilikusudiwa kuwa nyumba za chini za watu wa kipato kidogo. Tangu hapo ploti zimeota ghorofa juu ya ghorofa, na kati ya jengo na jengo pakabaki nafasi ya kupita mkokoteni mmoja wa maji, ikiwa anayekuja upande wa pili ana roho nzuri. Moi Drive ina jina, sawa, lakini mwambie makanga unashuka Moi Drive uone atakavyokutazama. Watu hushuka Mutindwa. Hushuka Kwa Chief.

Ukishashuka unaelekezwa kwa kinyozi, kwa kibanda cha chipsi, na kwa vitu ambavyo havipo tena. Vituo vya mafuta vya Caltex vilinunuliwa na Total mwaka 2009, na mpaka leo kuna watu Donholm wanaoshuka Caltex. Maduka ya Tuskys yalikufa, lakini vijana bado huahidiana kukutana Tuskys, na hukutana. Nairobi huelekezana kwa marehemu, na hakuna anayepotea.

"Jina la jengo?" akauliza dada.

"Ebenezer."

"Ebenezer Court, Ebenezer Plaza au Ebenezer Apartments?"

Nikamtazama kwa heshima mpya. Kumbe alikuwa mtu wa Eastlands.

Buruburu nilikotoka shida hii haipo. Mtaa ule ulijengwa kwa awamu kuanzia miaka ya 1970, na kila nyumba ikapewa nambari. Unasema awamu, unasema nambari, fomu inashiba. Mitaa ya zamani ya jiji ni hivyo hivyo: Kaloleni, Maringo, Jericho, na ile Mbotela na Ofafa iliyopewa majina ya Tom Mbotela na Ambrose Ofafa, wote wawili waliouawa siku za Hali ya Hatari. Milango ya mitaa hiyo ina nambari kwa sababu mwenye nyumba alikuwa serikali, na serikali ya kikoloni ilitaka kujua kila Mwafrika wa Nairobi analala wapi, kwa kipande na kwa mlango. Wanajeshi walipoizingira Eastlands Aprili 1954 na kupekua nyumba baada ya nyumba, hawakuwa wakipeleka kadi za Krismasi. Labda ndiyo maana tulipojijengea wenyewe hatukukumbuka nambari. Tuliandika Ebenezer, tukamwachia Mungu mengine.

Basi dada akajaza alivyoweza, kisha akaomba thibitisho la makazi: bili ya stima, bili ya maji au mkataba wa upangaji.

Stima yetu ni ya tokeni. Ninailipia kwa M-Pesa kupitia 888880, na jibu linarudi na nambari ya mita na tarakimu ishirini za kubonyeza gizani. Jina langu halimo. Mita yenyewe imeandikishwa kwa jina la marehemu baba ya mwenye nyumba, kwa hiyo kwa mujibu wa stima, anayeishi ghorofa ya nne ni mzee aliyezikwa zamani na ambaye hupika wali kila Ijumaa. Maji nayo huja bombani yakijisikia. Yasipojisikia huja kwa mkokoteni ndani ya mitungi, na mwenye mkokoteni hatoi bili. Hutoa sauti.

Soja wa mlangoni alikuwa amesogea taratibu, kama wafanyavyo masoja mazungumzo yanapokuwa matamu.

"Madam," akasema, "huyu mwalimu ni jirani yangu. Anakaa ghorofa ya nne, mlango wa mwisho. Nguo zake upepo ukizitupa huangukia kwetu."

Nikageuka. Kweli, ndiye yule bwana wa ghorofa ya chini aliyenirudishia soksi. Ndani ya sare ya kijani sikuwa nimemjua, na yeye bila soksi zangu mkononi hakuwa na uhakika. Tukasalimiana kwa furaha mbele ya foleni nzima.

"Asante, afande," dada akamwambia, "lakini hiyo si hati."

Nikaanza kumtafuta mwenye nyumba. Wapangaji wengi wa Eastlands hawajawahi kumwona mwenye nyumba. Wanalijua jina linalotokea kwenye simu wakilipa kodi, na wanamjua keateka, ambaye ni macho yake, masikio yake na kofuli lake. Nilipompata kwa simu na kumwomba mkataba, alicheka kwa upole.

"Mkataba wa nini, mwalimu? Si tunaaminiana?" Kisha sauti ikashuka. "Hao watu wa benki hawako pamoja na KRA?"

Usimcheke. Mwaka 2016 serikali ilianza kuwatoza wenye nyumba za kupanga asilimia 10 ya kodi wanayokusanya, na Januari 2024 kiwango kikashuka hadi asilimia 7.5. Kiwango kilishuka, woga ulibaki palepale. Kwa mwenye nyumba, karatasi yenye jina la mpangaji, nambari ya chumba na kiasi cha kodi ni ushahidi anaojiandikia mwenyewe. Akaahidi kwamba keateka atanipa kitu.

Kitu chenyewe kilikuwa kanuni za ploti. Usianike nguo kwenye ngazi. Usioshe viatu kwenye sinki la chini. Wageni watoke kabla ya saa nne usiku. Usiulize maji yatarudi lini. Niliipeleka karatasi hiyo benki nikiwa na matumaini ya mtu asiye na lingine. Dada akaisoma yote, akaguna kwenye ile ya maji, akasema haithibitishi kwamba ninaishi pale. Inathibitisha tu kwamba nimekatazwa mambo mengi.

"Lete barua ya chifu," akanishauri.

Chifu hakupi barua hivi hivi. Kwanza uende kwa mzee wa Nyumba Kumi, mpango ulioanzishwa mwaka 2013 ili majirani wajuane na wageni wajulikane. Mzee wetu ana duka la vipuri vya pikipiki na daftari lililoiva mafuta. Akanikaribisha kwenye kigoda, akaniuliza jina, kazi, kabila la mama, na kama nina mpango wa kuoa tena, jambo ambalo sikuwa nimelitaja. Mwishoni akauliza swali la maana: "Nani hapa mtaani anakujua?"

Hapo nikamkumbuka soja. Alipotoka zamu jioni alipitia kwa mzee akiwa bado na sare, rungu kiunoni, akatoa ushahidi ule ule: ghorofa ya nne, mlango wa mwisho, soksi. Mzee akaandika katika daftari. Daftari likanipeleka kwa chifu. Chifu, mtu mchangamfu aliyekuwa akiamua kesi ya mbuzi na ua la jirani, akasaini barua inayosema kwamba mimi ni mkazi wa eneo lake na kwamba ananijua vyema. Tulikuwa tumejuana muda wa kutafuta wino wa muhuri.

Benki iliipokea barua hiyo kwa mikono miwili. Dada aliitazama, akaigeuza, akatoa nakala, akaifunga kwa pini. Soja akanikonyezea jicho kutoka mlangoni. Neno lake lililokataliwa kaunta lilikuwa limekwenda Umoja, likapita dukani na ofisini, likarudi limevaa muhuri, na sasa lilikuwa hati.

Ningefurahi zaidi kama fomu ingeishia hapo. Kompyuta ilitaka pia S.L.P. Kenya barua haziji mlangoni. Huenda kwenye sanduku, na asiye na sanduku huomba la mwenye nalo. Posta ilikwisha kuanzisha mPost, huduma inayoigeuza nambari ya simu kuwa anwani. Nikaitaja kwa madaha, lakini kompyuta ikang'ang'ania sanduku. Ndipo dada akaniambia kwamba lipo moja katika faili langu tangu nilipofungua akaunti, na kwamba litatosha: sanduku la shule ya msingi ya kijijini kwetu Vihiga. Ndilo lililotumika zamani. Barua za kijiji kizima zilifikia humo, mwalimu mkuu akaziita gwaride la asubuhi, nasi watoto tukazibeba nyumbani.

Benki, kwa usalama wangu, ikatuma barua rasmi kuthibitisha kwamba nimebadilisha makazi. Ikaituma kwenye sanduku hilo.

Mama akapiga simu jioni moja. "Baba, hongera. Mwalimu mkuu ametusomea barua. Kumbe umehama na hutuambii? Ametuambia hata ghorofa." Nikaanza kueleza kwamba nyumba ni ndogo kuliko ya kwanza. Hakusikia. "Yule binamu yako amepata kibarua Industrial Area. Nimemwambia aje kwako, mpaka asimame kwa miguu yake."

Binamu alifika na sanduku la chuma na jogoo aliye hai. Nilipomuuliza amepajuaje, akaniambia alishuka Mutindwa, akamuuliza muuza miwa anapoishi yule mwalimu aliyehama kutoka Buruburu juzi na anayedondosha soksi. Akasindikizwa mpaka mlangoni. Kanuni za ploti hazisemi lolote juu ya jogoo, nimeangalia.

Kwa hiyo wewe unayefunga mizigo mwisho wa mwezi huu, nisikilize. Dai mkataba kabla ya kulipa dipoziti, maana mwenye nyumba huwa mpole mpaka pesa ziingie. Peleka nakala benki katikati ya mwezi, foleni ikiwa fupi. Jitambulishe kwa mzee wa Nyumba Kumi kabla hujamhitaji. Na kabla ya kufanya lolote, kagua ni sanduku gani la posta lililo katika faili lako, maana huko ndiko habari zako zitakakosomwa.

Kwa kaunti nina ombi moja tu. Mwaka 2027 wagombea watarudi Eastlands na makopo ya rangi, wapake majina yao kwenye kila ukuta wa Umoja, Kayole na Kariobangi, wala hawatakosa hata kichochoro kimoja. Rangi ikibaki, watupakie nambari kwenye mageti.