Futi Kumi na Mbili za Mhandisi

Wahandisi wa Marekani, baada ya tafakuri ambayo bila shaka iliteketeza kahawa nyingi, walikata shauri kwamba kila njia ya magari katika barabara zao kuu za Interstate iwe na upana wa futi 12, nayo sheria ya mwaka 1982 ikaruhusu lori kufikia inchi 102. Hivyo lori likijiweka katikati kwa uadilifu, hubaki inchi 21 kila upande, nafasi iliyokusudiwa iwe ya usalama, isikaliwe na kiumbe yeyote.

Maskini ya Mungu, hawakuwahi kufika Dar es Salaam saa kumi na moja jioni. Huku kwetu, ambako njia moja ni kiasi cha mita 3 na nusu, nafasi tupu ni israfu: baina ya lori na daladala huingia bajaji yenye upana wa mita 1.3, na baina ya bajaji na daladala hupenya bodaboda mwenye abiria aliyekumbatia godoro. Juzi mmoja wao, goti lake likiusugua mlango wa gari langu, aligonga kioo cha pembeni kwa adabu zote akasema, "Shikamoo mzee. Kunja sikio kidogo, nipite."

Nikaitika marahaba, nikalikunja. Akapita, wakapita na wengine sita, kisha baiskeli ya madafu, ambayo mwenyewe, aliponiona nimeduwaa, alisimama papo hapo kuniuliza kama nikatiwe moja.