Iringa Usiku Mmoja: Mwongozo wa Mwenye Haraka

Unakwenda Ruaha kuona simba. Iringa kwako ni mafuta, choo na kitanda. Saa kumi na mbili asubuhi uwe umeondoka. Haya, tusikilizane.

Kwanza, hujafika. Umepanda Kitonga nyuma ya lori linalokohoa, umeona vituo vya mafuta pale Ipogolo, ukashusha pumzi. Hapo ni chini ya mji. Iringa yenyewe iko juu kilimani, na wapo waendao Mbeya kila mwezi wanaoapa kwamba wanaijua, ilhali ile kona ya kupanda mjini hawajawahi kuikata.

Kaptula ya mifuko sita ilikufaa kwenye mibuyu ya Mtandika. Huku juu, jioni ya Juni, utapishana na watu wenye makoti na kofia za sufu, nao watakutazama kwa huruma. Gesti usiulize kiyoyozi. Uliza blanketi la pili, tena kabla ya kulipa.

Mzee akikuambia "Kamwene", jibu "Kamwene", tabasamu, koma hapo. Ukiongeza mbwembwe ataendelea, na Kihehe chako kimeshakwisha.

Sasa ulanzi. Msimu wa mvua wenyeji hukata ncha za mianzi michanga na kukinga utomvu wake. Ukiwa mbichi huitwa mtogwa, mtamu kama juisi, na mgeni hunywa kama juisi. Ukilala unakuwa mkangafu, na huo ndio unaokulaza wewe. Lakini hatari kubwa si kuunywa, ni kuubeba. Ulanzi hauachi kuchachuka kwa sababu umefunga kizibo. Tia chupa kwenye gari, piga rasta za vumbi za kwenda Ruaha, halafu subiri mlio. Nasema kwa niaba ya kiti cha nyuma cha gari la shemeji yangu.

Kuhusu gari lako: springi ikikatika, fundi atasema kazi ni "nusu saa". Usimgombeze. Panda Gangilonga, jiwe ambalo jina lake kwa Kihehe ni jiwe linalosema, ukautazame mji wote. Halitakuambia gari litatengemaa lini. Au nenda Kalenga, karibu tu na njia yako ya Ruaha, liliko fuvu la Mtwa Mkwawa, mtawala wa Wahehe, lililochukuliwa na Wajerumani. Mkataba wa Versailles wa 1919 uliwapa Wajerumani miezi sita walirudishe. Lilifika 1954. Ukitoka pale, fundi wako utamwona mtu wa kutimiza ahadi.

Jaza tangi ukiwa mjini, na jambo la kiingilio cha hifadhi ulimalize mapema, maana getini hawapokei noti. Vikapu vya milulu nunua kimoja. Najua utanunua vinne, na spea itasafiri mapajani mwa mtu.

Ruaha kuna joto. Usiku wa kwanza, ukifungua begi, utakuta blanketi la gesti. Utalirudisha ukipita. Na safari hii omba chumba cha siku mbili.