Mgeni Aanguke, Mwenyeji Acheke

Mtu mwenye akili timamu, aliyemaliza akiba yake kwa nauli ya ndege, anatoa pesa tena ili apewe baiskeli na kupelekwa kwenye mashamba ya mpunga ya Vietnam, Kambodia au Bali, juani, nyuma ya kijana anayepiga kengele. Kwa msomaji wa Kigoma au Kisumu, aliyezoea kuiona baiskeli ikiwa chini ya gunia la mkaa, jambo hili linahitaji maelezo. Wauzaji wa ziara hizi wanayo matatu: mandhari, afya, na kuyaona maisha halisi ya kijijini. Yote matatu nayakataa. Mandhari huonekana vizuri zaidi dirishani mwa basi, tena umekaa. Afya haijengwi kwa asubuhi moja ya kuhema ikifuatiwa na mchana mzima wa kula. Na maisha halisi ya kijijini, huko Asia kama kwingineko, siku hizi yamepanda pikipiki. Ninachoamini mimi ni kwamba mteja ananunua vituko: kuteleza, kulowa, kubwekewa na mbwa, kupotea kwenye njia isiyo na hata panda. Mandhari ni kifungashio tu, na kiongozi wa msafara analipwa ili vituko vije kwa kiasi kinachovumilika.

Ushahidi wa kwanza ni njia yenyewe. Jaruba la mpunga hutenganishwa na jirani yake kwa tuta la udongo, na juu ya tuta hilo hupita wakulima, bata, watoto wa shule na, tangu utalii uchangamke, watu waliovaa kaptula za kubana zenye sponji makalioni. Tuta haliruhusu mwendo wa kasi, na shida inaanzia hapo, maana baiskeli husimama wima kwa sababu mwendeshaji anausahihisha usukani kila mara, na kadiri inavyokwenda polepole ndivyo masahihisho yanavyozidi ukubwa. Gurudumu linayumba kushoto, linarudishwa kulia, linapitiliza. Kwenye lami hakuna anayeona. Juu ya tuta lenye upana wa mkeka wa kuswalia, kila mtu anaona. Halafu kuna suala la macho. Mwendeshaji huelekea anakotazama, na mtu anayeogopa tope hutazama tope. Kiongozi akipaza sauti kwamba watazame mbele, kundi zima linatazama chini kujua kuna nini kinachofichwa. Kuanguka kwenyewe hakuna kishindo. Mtu anaegemea pole pole, uso ukiwa bado na matumaini. Mguu mmoja unatafuta ardhi, unakuta maji, unapita maji, unakuta tope, unapita na tope. Baiskeli inalala juu ya miche, kengele inalia yenyewe mara moja, na mguu unapovutwa juu, kiatu kinabaki chini.

Huko Bang Krachao, ng'ambo ya mto Chao Phraya kutoka Bangkok, wenyeji wameweka zege. Kuna vijia vyembamba vilivyoinuliwa juu ya kinamasi na mifereji, na sehemu nyingine havina kingo wala kamba ya kushika. Wageni huvisifu sana, lakini mwangalie mgeni huyohuyo anapokutana na mama anayerudi sokoni kwa pikipiki, mboga mbele na mtoto nyuma. Mama hapunguzi mwendo kwa sababu haoni sababu. Mgeni anashuka, anaikumbatia baiskeli kifuani, anavuta tumbo ndani na kufumba macho. Ameyapisha maisha halisi ya kijijini, hakuyaona.

Hapa ndipo wenyeji wanapoingia katika hoja yangu. Vietnam ni nchi ya pikipiki, mamilioni kwa mamilioni. Mkulima anaipita misafara ya watalii akiwa amefunga nguruwe kwenye kikapu nyuma ya kiti, mkono mmoja usukanini. Mijini na mashambani, baiskeli imeachiwa zaidi wanafunzi, wazee na wageni. Na kama kuna watu wasiohitaji kufundishwa kazi ya baiskeli, ni Wavietnamu. Mwaka 1954, wapiganaji wa Viet Minh walipoizingira ngome ya Wafaransa kule Dien Bien Phu, chakula na risasi vilifikishwa milimani na maelfu ya wachukuzi wenye baiskeli, nyingi zikiwa Peugeot zilizotengenezwa Ufaransa kwenyewe. Walifunga kipande cha mwanzi kwenye usukani ili urefuke, wakasimika kingine nyuma ya kiti, wakapakia kilo 200 na zaidi, kisha wakatembea kando wakisukuma. Aliyethubutu kuipanda angekuwa mzigo wa ziada. Sasa mjukuu wa wachukuzi hao anamwona mgeni, hana hata gunia la chumvi, anahema kwenye njia tambarare huku gari likimfuata nyuma na begi lake. Mjukuu huyo ana haki ya kucheka, na haki hiyo imeandikwa katika historia. Waswahili husema mgeni njoo, mwenyeji apone. Kwenye majaruba mwenyeji anapona mbavu zikiwa zinauma.

Anayetaka kuona ziara iliyoondolewa vituko aende Bali. Huko mteja hupandishwa kwa gari hadi Kintamani, anapewa kifungua kinywa akitazama mlima Batur, wenye mita 1,717, pamoja na ziwa lake, kisha anakabidhiwa baiskeli na kuachiliwa ateremke. Njia karibu yote ni mteremko. Pedali zinakuwa mahali pa kuwekea miguu, na kiungo pekee cha mwili kinachofanya kazi ni vidole viwili vya breki. Ni ziara salama, safi, na kwa maoni yangu ni ya kusikitisha kidogo. Mashamba yanayopitwa yanamwagiliwa chini ya mfumo wa subak, ambamo wakulima hugawana maji kwa utaratibu unaosimamiwa na mahekalu, na ambao UNESCO iliuingiza katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 2012. Mgeni anaupita urithi huo akisikiliza upepo masikioni. Waandaaji nao, naona, wamegundua pengo, kwa hiyo njiani kuna kituo cha kuonja kopi luwak, kahawa ambayo buni zake zimepita tumboni mwa mnyama wa jamii ya ngawa, zikaokotwa kwenye kinyesi, zikaoshwa, zikakaangwa na kuuzwa kwa bei ya kukufanya ukae. Sijapata maelezo mengine ya kituo hicho ila kwamba mtu aliyekosa kuanguka lazima apewe kitu cha kwenda kusimulia, hata kama ni cha kunywa. (Kwa kuwa biashara imenoga, ngawa wengi sasa wanafungiwa vizimbani kwa ajili yake. Kituko kinachobebwa na mnyama peke yake hakinichekeshi.)

Nitaulizwa: nani analipa ili ateseke? Watu hutoa pesa kukwepa usumbufu, ndiyo maana kuna hoteli. Jibu limo ndani ya gari linalofuata nyuma. Gari lile lina kiyoyozi, lina maji baridi, na nauli yake imeshalipwa ndani ya bei ya ziara. Kama mteja angekuwa ananunua raha, angepanda kwenye kilomita ya pili. Lakini tazama jinsi watu wanavyoliepuka. Mtu ana malengelenge mahali ambapo hata daktari anapaonyesha kwa aibu, naye anaapa kwamba yuko sawa kabisa, kwa sababu anajua kuwa aliyepanda gari amelipa bei ileile na atarudi kwao bila habari. Wasikilize watu waliorudi. Chakula cha mchana hakitajwi, machweo yanatajwa kwa adabu, ila mbwa aliyetoka uani anasimuliwa kwa mikono yote miwili, na kila mwaka meno yake yanarefuka. Kwa kipimo hiki, kiongozi anayeziba pancha kwa dakika tano amemdhulumu mteja. Mahiri zaidi ni yule anayejua kwamba mwenye nyumba iliyo karibu na pancha ana madafu, na anajua pia jinsi ya kuitafuta pampu taratibu.

Pingamizi zito zaidi ni la usalama, na hapo sibishi sana. Kati ya Hue na Da Nang, huko Vietnam, kuna mlima wa Hai Van, ambako barabara inapanda hadi karibu mita 500 juu ya bahari. Tangu handaki la zaidi ya kilomita sita lifunguliwe mwaka 2005, magari mengi hupita chini kwa chini. Vilivyobaki huku juu ni pikipiki, baiskeli, malori ya mafuta yasiyotakiwa handakini, na malori ya mifugo. Kwa hiyo mgeni anayepanda kwa jasho hupitwa kwanza na petroli, kisha na nguruwe, na wa pili wanamtazama kwa huruma. Hapo mtu akikosea hajapata kituko. Mpaka wenyewe ni rahisi kuujua, maana kituko kinaishia majini na ajali inaishia hospitalini, na kiongozi anayeshindwa kuvitofautisha arudishe pesa za watu. Ndiyo maana nashangaa kuona maelezo ya asubuhi yakitumia nusu saa kueleza uzuri wa safari na dakika moja kwa breki. Mwingereza amezoea breki ya mbele mkono wa kulia. Mmarekani na wengi wa Ulaya bara wameizoea kushoto. Mpe yeyote kati yao baiskeli iliyofungwa kwa desturi ya mwenzake, bata avuke njia ghafla, naye atabana kwa nguvu zote mkono ule ambao tangu utotoni umekuwa wa gurudumu la nyuma. Gurudumu la mbele linasimama. Mwenyewe anaendelea.

Kuna wanaosema pia kwamba kicheko hiki ni cha matajiri wanaochezea umaskini wa wengine, kwamba wanakuja kuigiza kazi ambayo kwa mkulima ni jasho la kweli. Ningekubali kama mgeni angekuwa anaigiza vizuri. Kinachomwokoa ni kwamba anashindwa hadharani. Mgeni wa kwenye basi anatazama kijiji kupitia kioo na kijiji hakipati zamu ya kumtazama yeye. Aliyezama tope hadi gotini ametoa zamu hiyo bure. Tena lazima asimame, na akisimama mwenye shamba atakuja, si kwa ukarimu tu, maana miche yake imelaliwa. Atamwonyesha maji ya kunawia mguu yanatoka wapi, ni mfereji upi wa nani, ni upande gani umepandikizwa juzi na haufai kukanyagwa. Bila lugha ya pamoja, kwa kidole tu, mgeni anaelezwa mambo ya umwagiliaji ambayo mwenzake wa mteremko wa Kintamani aliyapita kasi. Miche nayo, ikiwa bado michanga, hurudishiwa na mapengo hujazwa, kama wakulima wa mpunga wanavyofanya kila msimu kwa sababu nyingine. Hata hivyo naona ni haki mwenye shamba alipwe papo hapo, na malipo hayo yaingizwe katika bei ya ziara waziwazi, yakiwa na mstari wake: fidia ya miche.

Tishio la kweli kwa mambo haya yote, wengine wanasema, ni baiskeli ya betri. Inaondoa kuhema, inaondoa mlima, inamfanya babu wa miaka sabini ampite kiongozi wake kwa tabasamu. Wapenzi wa jasho wanalia kwamba ziara imekwisha maana. Mimi sina wasiwasi. Betri haipanui tuta, haiwanyamazishi mbwa, wala haizuii mvua za kati ya Mei na Oktoba zinazogeuza udongo wa delta ya Mekong kuwa sabuni. Zaidi ya hayo, baiskeli ya namna hiyo ina uzito wa kilo 20 na kitu. Ya kawaida ikitumbukia mferejini, mkulima mmoja anaitoa kwa mkono mmoja huku sigara ikiwa mdomoni. Ya betri inahitaji watu watatu, kamba, na mabishano kuhusu nani aingie majini kwanza. Na hao watatu hawaji bila majirani zao.